Ajuaye Kanuni Asiwachezee Wenzake



Michezo tuliyoizoea majumbani ni ile ya kushindana. Kwenye dama mmoja hula kete za mwenziwe mpaka zikaisha. Keram, dhumna na ludo ni hivyo hivyo: anayefurahi ni mmoja, na waliobaki ama hununa ama hudai marudiano. Wazee wetu wa bao tunawajua, mtu akifungwa vibaya hata kahawa haishuki. Kwa hiyo watoto wanapoletewa mchezo ambao wachezaji wote wako upande mmoja, wanashinda wote au wanashindwa wote, swali lao la kwanza huwa: "Sasa tunacheza na nani?"

Wanacheza na mchezo wenyewe. Adui yumo ndani ya boksi. Hana mtu wa kumchezea. Kadi ndizo zinazosema atembee hatua ngapi, amshambulie nani na lini. Wachezaji wanakaa kuizunguka meza moja, wanaonyeshana walivyo navyo, wanashauriana kwa sauti, kisha kila mmoja anafanya lake kwa zamu.

Michezo ya namna hii imeenea sana Ulaya na Marekani, na mingi kati yake imejengwa juu ya mambo ya kutisha. Baadhi ya familia zetu zilizoko huko wameanza kuwaletea watoto wa huku. Rai yangu niitoe mapema, ili asiyeitaka afunue ukurasa mwingine. Mchezo wa kushirikiana ni kitu kizuri kwa vijana wetu, lakini ukifundishwa vibaya unakuwa mbaya kuliko ludo. Kwenye ludo hata mtoto wa mwisho hutupa dadu yake mwenyewe na kusogeza kete yake mwenyewe. Kwenye mchezo wa kushirikiana, akitokea mjuaji mmoja, wenziwe wote hugeuka mikono yake.

Tuitazame asili yake kidogo. Mwaka 1987 Mmarekani Richard Launius alitoa mchezo uitwao Arkham Horror. Ndani yake wachezaji ni wapelelezi katika mji wa kubuni, wanahangaika kufunga milango inayoingiza viumbe vya kutisha kabla mji haujazidiwa. Mchezo huo ulitolewa upya mwaka 2005, na toleo la tatu likatoka 2018. Ni mzito, una kadi nyingi mno, na unaweza kula jioni nzima. Mtu asianze nao. Mwaka 2000 Mjerumani Reiner Knizia alitunga mchezo wa kushirikiana kutokana na kitabu maarufu cha Tolkien, na mwaka 2008 Matt Leacock wa Marekani akatoa Pandemic, ambamo wachezaji ni wataalamu wa afya wanaokimbizana na maradhi manne duniani kote. Huo ndio ulioufungulia mlango mtindo huu majumbani kwa watu wa kawaida.

Kwa nini mambo ya kutisha hasa? Naona sababu iko wazi. Watu hawajikusanyi bila kusukumwa. Ukitaka wanne wasaidiane kwa saa nzima, wape kitu wanachokiogopa kwa pamoja. Bibi zetu walilijua hili zamani. Hadithi za zimwi walitusimulia usiku, tukiwa tumebanana mkekani, na kadiri zimwi lilivyokaribia ndivyo tulivyozidi kubanana.

Mchezo ninaotaka kuuzungumza kwa urefu unaitwa Horrified. Ulitolewa mwaka 2019 na kampuni ya Ravensburger. Unachezwa na mtu mmoja hadi watano, kwa muda wa kama saa moja, na boksi linasema umri ni kuanzia miaka 10. Mazimwi yake yametoka katika filamu za zamani za kampuni ya Universal ya Marekani: Dracula na Frankenstein za mwaka 1931, yule maiti wa Misri aliyekaushwa wa 1932, Mtu Asiyeonekana wa 1933, Mtu Mbwamwitu wa 1941, na Zimwi la Ziwani wa 1954. Wawili wa mwanzo walianzia kwenye vitabu. Mary Shelley alichapisha Frankenstein mwaka 1818, na Bram Stoker akachapisha Dracula mwaka 1897. Kwa hiyo mtoto anayeucheza anakutana, bila kujua, na kipande cha fasihi ya Kiingereza ambacho huenda akaulizwa atakapofika mbele kimasomo.

Kwa asiyeuona bado, unakwenda hivi. Ubao ni ramani ya mji mdogo wenye gati, hospitali, makumbusho, duka, maabara, makaburi na kadhalika. Kila mchezaji ni shujaa mmoja, na kadi yake inasema ana vitendo vingapi kwa zamu. Meya ana vitano lakini hana kipaji cha pekee. Tarishi anaweza kuruka hadi alipo shujaa mwenzake yeyote. Mtaalamu wa mambo ya kale anaweza kuokota zana iliyo mahali pa jirani bila kufika pale. Kwa vitendo hivyo mtu hutembea, huokota zana, huwasindikiza wanakijiji hadi mahali pao pa salama, hugawana zana na mwenziwe waliyesimama naye pamoja, au hufanya kazi ya kulishinda zimwi.

Akimaliza, hufunuliwa kadi moja ya mazimwi. Kadi hiyo inasema zana ngapi zitolewe mfukoni na kuwekwa mjini, tukio gani litokee, na mazimwi gani yatembee na kushambulia. Shujaa akipigwa anaweza kujikinga kwa kutupa zana alizonazo, moja kwa kila pigo; akikosa zana anapelekwa hospitali. Kila shujaa anayeangushwa na kila mwanakijiji anayeuawa hupandisha kipimo cha hofu. Kikifika mwisho mmeshindwa. Na kadi za mazimwi ziko 30 tu. Ikihitajika nyingine na fungu limekwisha, mmeshindwa vile vile hata kama hakuna aliyekufa.

Hapo ndipo utisho wake ulipo. Vile vinyago vya plastiki havimtishi mtu kwa muda mrefu, watoto huvizoea ndani ya dakika kumi na kuanza kuvitania. Kinachobana kifua ni fungu la kadi linalopungua. Zikibaki kadi sita na majeneza mawili hayajavunjwa, utaona watu wazima wamesogeza viti mbele.

Nieleze habari ya majeneza, maana ndiyo inayoonyesha ushirikiano ulivyo. Ili kumshinda Dracula ni lazima kwanza yavunjwe majeneza yake manne yaliyotawanyika mjini. Kila jeneza linataka zana nyekundu zenye jumla ya nguvu 6 au zaidi. Tuseme binti mmoja anayo nyekundu ya nguvu 4, na kaka yake anayo ya 2. Hakuna anayeweza kulivunja peke yake. Wakikutana mahali pamoja mmoja ampe mwenziwe, lakini kukutana kunagharimu vitendo, na kugawana nako ni kitendo. Je, wakutane? Au binti aende dukani kuokota nyingine? Na kama akienda, yule mwanakijiji aliyekaribiwa na zimwi atasindikizwa na nani? Hesabu ni ya darasa la kwanza, nne na mbili, ila uamuzi wake unaweza kuwachukua watu wanne dakika tano za mjadala mzuri kabisa.

Na si kila zimwi linashindwa kwa nguvu. Mtu Mbwamwitu anatafutiwa dawa apone. Mtu Asiyeonekana anakusanyiwa ushahidi unaopelekwa kituo cha polisi. Zimwi la Frankenstein na bibi harusi wake wanafundishwa utu kidogo kidogo, na wakishafundika wanaachwa wakutane. Wakikutana kabla hawajawa tayari, hofu ya mji inapanda. Mimi hiki ndicho nilichokipenda kuliko vyote humo ndani.

Sasa niingie kwenye dhamira yangu. Boksi lote limeandikwa kwa Kiingereza. Kanuni, kadi za mazimwi, kadi za mashujaa, majina ya mahali, yote. Kwa mtoto wa London hilo si tatizo. Kila aliyekaa mezani anasoma mwenyewe. Kwa nyumba zetu ni jambo kubwa. Mtoto wa darasa la nne au la tano Kiingereza chake bado ni cha kubabaisha, na wala si kosa lake. Bibi aliyekaa naye pengine anasoma Kiarabu vizuri na Kiswahili vizuri, lakini kadi ile kwake ni michoro. Matokeo yake, kijana wa Kidato cha Nne ndiye anayeshika kitabu cha kanuni, ndiye anayesoma kadi, ndiye anayetafsiri, na taratibu ndiye anayeamua.

Nimelishuhudia hili katika nyumba ya jamaa zangu, walipoletewa mchezo huo na ndugu yao aliyeko Uingereza pamoja na nguo za Idi. Walikuwa watoto wanne. Mkubwa, kijana mwenye akili na adabu, alikaa na kitabu usiku mzima akakielewa. Kesho yake walipocheza, mambo yakawa hivi:

"Nenda hospitali."

"Kaka, kwa nini hospitali?"

"We nenda tu, utaona. Okota hiyo ya manjano. Haya, bado kitendo kimoja, rudi gatini."

Mdogo wa miaka kumi alisogeza kizibo chake kama alivyoambiwa. Zamu ya pili hivyo hivyo. Zamu ya tatu aliacha kuuliza. Zamu ya nne alikuwa anachezea mfuko wa zana, na zamu yake ilipofika alisema, "Kaka, nisogezee wewe." Walishinda, tena wakiwa na kadi nyingi mkononi. Mkubwa alifurahi peke yake. Wadogo walipoulizwa na mama yao mchezo ulikuwaje, walijibu, "Kaka kashinda."

Sikilizeni jibu hilo. Mchezo ambao haiwezekani mtu mmoja kushinda, mmoja aliushinda. Na wale wadogo hawakusema uongo.

Wenye kuucheza sana huko Ulaya na Marekani wanaijua tabia hii ya mtu mmoja kuwaongoza wote, na wanailalamikia karibu katika kila mchezo wa kushirikiana. Wao huiona kuwa ni tabia ya mtu fulani mwenye kupenda amri. Kwetu naona ina mzizi mwingine wa pili, nao ni lugha. Hata mpole kabisa, akiwa ndiye pekee anayeweza kuisoma kadi, atajikuta kwenye kiti cha amri bila kukitaka. Ndiyo maana kumkanya kaka mkubwa hakutoshi. Inabidi kanuni zitoke mikononi mwake ziwafikie wengine.

Wapo watakaonijibu: mkubwa ndiye ajuaye, na mdogo hujifunza kwa kumfuata, tangu lini mtoto akamshauri kaka yake? Hoja hii ina heshima yake na siibezi. Lakini tuangalie tunavyosomeshwa hapa hapa madrasa. Mwalimu amehifadhi, na mwanafunzi wa juzuu ya kwanza anakwama kwenye neno. Je, mwalimu humsomea ukurasa mzima kisha akamwambia, umeshasoma, nenda nyumbani? Humngojea. Anamwacha akwame, anamwacha arudi nyuma, akishindwa kabisa humpa herufi moja. Angekuwa anamsomea kila siku, mwanafunzi angefika Amma mpaka Baqara kwa miguu ya mwalimu wake. Mkubwa anayejua mchezo ana kazi hiyo hiyo, na ni kazi ngumu kuliko kucheza, maana anaiona njia ya ushindi mbele yake na inampasa afunge mdomo.

Kuna jambo jingine linalofuatana na hilo, nalo ni lawama. Watu hudhani kwamba wakiwa upande mmoja hawatagombana. Wanagombana, tena vibaya. Kwenye dama ukifungwa umefungwa na mpinzani wako, yakaisha. Hapa mkishindwa, wa kulaumiwa yuko upande wenu. "Wewe ndiye uliyetupa ile nyekundu!" "Nilikwambia usiende makaburini!" Na mara nyingi lawama humshukia yule mdogo ambaye hakuamua lolote. Ameambiwa aende makaburini, akaenda, akapigwa, kisha akaambiwa ameharibu. Mzazi anayesikia maneno hayo chumba cha pili asidhani ni kelele za mchezo tu. Aingie, akae nao.

Ama kuhusu dadu, najua wasomaji wengi walishaanza kujiuliza tangu juu huko. Katika Sahih Muslim imepokewa hadithi kali juu ya mchezo wa nardi, na wengi wa wanazuoni wameuharimisha hata kama hakuna kamari. Wanazuoni wa Kishafii walitofautisha pia mchezo unaotegemea hesabu na fikra na ule unaotegemea bahati tupu. Katika Horrified dadu zipo, tatu, na hutupwa mazimwi yanaposhambulia. Hatua za wachezaji hazitokani na dadu. Mtu huenda anakotaka kwa vitendo alivyo navyo. Mwenye kuuruhusu atasema basi fikra ndiyo iliyotawala. Mwenye kuukataza atasema dadu ni dadu. Mimi si mufti, na ukurasa huu si mahali pa fatwa: kila nyumba iulize mwalimu wake, na nyumba iliyokataa dadu isitiwe aibu. Pandemic hautumii dadu hata moja, na Forbidden Island wa mwaka 2010, wa Leacock huyo huyo, nao hauna; wachezaji wako kwenye kisiwa kinachozama, wanatafuta hazina nne na njia ya kutoka kabla maji hayajawafunika. Hauna mazimwi, lakini utisho wa kadi zinazokwenda mbio ni ule ule, na kanuni zake ni nyepesi zaidi. Wapo wanaobadilisha dadu kwa vikaratasi vya kuchomoa kwenye kikopo. Huko naona ni kuizunguka nyumba na kuingia kwa mlango ule ule.

Vile vinyago navyo kuna wasiopenda kuvipanga sebuleni. Katika nyumba ile niliyoitaja bibi yao aliviona mara moja tu, na jioni hiyo hiyo vikarudi ndani ya boksi. Watoto wakachukua vizibo vya soda, wakavibandika vikaratasi vyenye majina. Ikawa faida. Kwa kuwa majina ilibidi wayaandike wenyewe, waliyaandika kwa Kiswahili, na yule wa miaka kumi ndiye aliyelipa Zimwi la Ziwani jina lake. Kuanzia hapo lilikuwa lake. Likisogea, yeye ndiye wa kwanza kupiga kelele.

Kutokana na vizibo vile dada yao wa Kidato cha Pili alipata fikra ambayo ningependa kila nyumba iifuate. Alichukua daftari la mistari, akakata vikaratasi, akaandika kwa Kiswahili maana ya kila kadi ya shujaa na kila kitendo: tembea, sindikiza, okota, gawana. Kadi za mazimwi alizitafsiri kwa maneno machache kwenye karatasi moja kubwa iliyobandikwa ukutani. Ilimchukua siku mbili za likizo, na kamusi ilifunguliwa mara nyingi kuliko mwaka mzima uliotangulia. Alipomaliza, kitabu cha kanuni kilibaki juu ya kabati. Kaka mkubwa akawa mchezaji kama wengine, na nasikia mwanzoni hakuipenda hali hiyo.

Kwa wanaotaka kuanza, nashauri msiwasomee watoto kitabu kizima. Hakuna anayejifunza mchezo kwa kusikiliza hotuba. Kanuni zenyewe zinapendekeza kuanza na mazimwi mawili, Dracula na Zimwi la Ziwani, na ushauri huo ni mzuri. Wekeni ubao, kila mmoja achague shujaa, kisha mchezeni raundi mbili kadi za wote zikiwa wazi na mtu akiruhusiwa kurudisha hatua yake. Mengine mtayajua yatakapotokea. Habari ya shujaa kwenda hospitali haina haja ya kuelezwa mpaka mtu apigwe.

Halafu gawaneni kazi za mezani, maana kazi za mezani ndizo zinazomfanya mtu awemo. Mmoja afunue kadi. Mwingine atoe zana mfukoni. Mwingine ashike kipimo cha hofu. Mdogo kuliko wote apewe kuhesabu kadi zilizobaki na kuzitangaza, "Zimebaki kumi na moja!" Utashangaa sauti hiyo inavyowakusanya watu.

Na kwa mkubwa anayejua, iko sheria moja ambayo haimo kitabuni: asiseme "fanya hivi." Aulize, "Unaona nini?" au aseme alicho nacho, "Mimi nina nyekundu ya nne, niko makumbusho," kisha anyamaze. Mwenye zamu ndiye mwenye neno la mwisho, hata akiamua vibaya. Mwanakijiji atauawa, hofu itapanda, na labda mtashindwa. Mtashindwa mara nyingi tu. Mchezo huu hauna maana kama hauwezi kuwashinda, na mtoto aliyeshindwa kwa uamuzi wake mwenyewe hukumbuka uamuzi ule wiki nzima. Yule aliyeshindishwa na kaka yake hata jina la shujaa wake halikumbuki.

Umri wa miaka 10 uheshimiwe. Wapo watoto wa miaka sita au saba wanaoweza kuzielewa kanuni, lakini picha za boksi watalala nazo. Kama yupo mdogo namna hiyo na analia kutaka kukaa mezani, akae na mama yake na apewe mfuko wa zana. Na mchezo usianzwe baada ya Isha kama kesho ni shule, kwa sababu saa moja iliyoandikwa kwenye boksi ni saa ya watu wasiojadiliana. Wetu wanajadiliana.

Kununua nako kuna shida yake. Hautauona kwa urahisi madukani kwetu, na ukiagizwa kutoka nje una bei ya kumfanya mzazi akae chini. Nyumba tatu nne za mtaa mmoja zinaweza kuchangia boksi moja likazunguka, na vikaratasi vya Kiswahili vizunguke nalo. Wanafunzi wa madrasa wanaojua Kiingereza wanaweza kuwafanyia wenzao tafsiri hiyo mara moja, ikatumika miaka. Lipo toleo jingine la mchezo huu huu, la mwaka 2021, lenye mazimwi ya hadithi za Marekani, lakini hakuna haja ya kulikimbilia. Boksi la kwanza lina mazimwi ya kutosha kubadilishana kwa likizo nyingi.

Swali la mwisho nililoulizwa na mama wa wale watoto ni lini waongeze zimwi la tatu, kwa kuwa wamekwisha kuwashinda wawili mara mbili mfululizo. Nilimwambia asiangalie mara ngapi wameshinda. Aje mtoto wa jirani asiyeujua mchezo, na yule wa miaka kumi ndiye amfundishe mwanzo hadi mwisho, kaka mkubwa akiwa amekaa hapo hapo kimya. Akiweza, walete Mtu Asiyeonekana.